Mcheza kwa Watu Hutozwa

Mcheza kwao hutuzwa ni mithali ya uwanja wa ngoma. Mtu achezaye kwao, mbele ya shangazi zake na wajomba zake, hakosi mkono wa kumtunza: huyu humvika kanga, yule humbandika noti usoni. Mithali hiyo ni kweli, lakini ina nusu ya pili isiyosemwa, nayo ni kwamba mcheza kwa watu hutozwa. Nusu hii ya pili yaonekana waziwazi siku hizi katika Ilagala, mahali ambapo Mto Malagarasi humaliza safari yake ndefu na kuyakabidhi maji yake kwa Ziwa Tanganyika. Jioni, wavuvi wanapotengeneza taa za kuvulia dagaa, na wanawake wanapofunga madumu ya mawese kwa ajili ya soko la kesho, wazee huinamia bao na vijana huinamia simu. Ndani ya simu mna mchezo: mtu anakimbia, gari linashindana na gari, mpira unapigwa langoni. Shilingi inayonunua kifurushi cha kuuleta mchezo huo hutoka Ilagala, wala hairudi. Mchezo ulitungwa mbali, kanuni zake ziliwekwa mbali, na mashujaa wake hawajui jina la mto wala la ziwa. Kijana anacheza kwa watu, naye anatozwa: anatozwa fedha, anatozwa wakati, na kubwa kuliko yote, anatozwa ile haki ya kudhani kwamba yeye naye angeweza kuwa mtunzi.

Watu wa namna mbili hulitazama jambo hili, na wote hupotea. Wa kwanza ni wale wasemao kwamba mchezo ni upuuzi, kwamba simu inyang'anywe, na kijana arudishwe kwenye jembe na nyavu. Wa pili ni wale wanaofurahi kuona kioo kinang'aa kijijini, wakadhani kwamba mwanga wa kioo ni mwanga wa elimu. Wa kwanza humlaumu mchezaji kwa kosa ambalo si lake. Wa pili humsifu kwa kazi ambayo hakuifanya. Katikati ya kelele za pande hizi mbili swali lenyewe halisikiki. Tangu michezo ya kompyuta ilipoingia katika nyumba za watu yapata miaka 40 na zaidi iliyopita, kwa nini mtoto wa Ilagala hakupewa nafasi ya kuitunga?

Wanaoudharau mchezo hawana budi kwanza kuijibu hoja ya bao. Mzee aliyeinamia bao la Kiswahili ana mashimo 32 mbele ya macho yake, na kete 64 zimegawanywa sawa baina yake na mwenziwe. Mchezo unapoanza kila mmoja huweka kete 10 ubaoni na kubakiza 22 za kunamua. Hula kete za mwenziwe, huzisambaza shimo kwa shimo, na mkono wake hauendi kwa kubahatisha, kwa kuwa safari nzima ya kete ameikwisha kuihesabu kichwani. Mtaalamu wa Kiholanzi, Alexander de Voogt, alikwenda Zanzibar kuwachunguza mafundi wa mchezo huu, na mwaka 1995 akatoa kitabu juu ya mipaka ya akili ya binadamu kama inavyoonekana kwa fundi wa bao. Sasa ile kanuni isemayo kwamba kete ya mwisho ikiangukia penye kete uendelee, na ikiangukia patupu ulale, ndiyo hasa namna ya amri aiandikayo mtunzi wa mchezo wa kompyuta: likitokea hili fanya hili, lisipotokea fanya lile, kisha rudia. Watu waliolea mchezo wa namna hii kwa vizazi hawawezi kuambiwa kwamba akili ya kutunga kanuni ni mgeni katika nyumba zao.

Ikiwa akili ilikuwapo, ni nini kilichokosekana? Jibu lapatikana kwa kuitazama safari ya kijana mmoja wa Kiingereza, Matthew Smith, aliyezaliwa mwaka 1966 na kukulia Wallasey, ng'ambo ya mto kutoka Liverpool. Hakuwa profesa wala mhandisi. Alipata kompyuta ndogo ya nyumbani akiwa bado mtoto wa shule, akajifundisha mwenyewe kuiamuru, na mwaka 1983, akiwa na umri wa miaka 17, akatunga Manic Miner, mchezo wa mchimba madini apitaye katika mapango 20. Kazi hiyo ilimchukua majuma 8 hivi. Mwaka uliofuata akatoa Jet Set Willy. Michezo hiyo miwili ilinunuliwa kwa wingi katika Uingereza, na jina lake likawa maarufu kabla ndevu zake hazijakomaa.

Chombo chenyewe kilikuwa duni. Kompyuta iliyoibeba michezo hiyo, ZX Spectrum, ilianza kuuzwa mwaka 1982. Ile kubwa ya aina hiyo iligharimu paundi 175, na kumbukumbu yake ya kuandikia ilitosha herufi 49,152 tu, yaani kijitabu kidogo cha hadithi. Haikuwa na kioo chake, ikaunganishwa na televisheni ya nyumbani. Haikuwa na ghala lake la kuwekea kazi, na programu zikahifadhiwa katika kaseti, kaseti ileile ya muziki. Na kaseti ilikuwapo Kigoma pia. Katika miaka hiyohiyo muziki wa dansi wa Kongo, uliovuka ziwa kama wavukavyo wafanyabiashara, ulilia katika radiokaseti za Ujiji na za vijiji vya pwani. Utepe uliotembea Liverpool ulitembea Ujiji. Huko ulimfikishia kijana chombo cha kutunga, huku ulimfikishia wimbo wa kusikiliza.

Wala Uingereza haikungoja vipaji viote vyenyewe kama magugu. Shirika la utangazaji la BBC lilianzisha mpango wa kuwafundisha watu wote elimu ya kompyuta. Mashine iliyotengenezwa na kampuni ya Acorn kwa ajili ya mpango huo ilitoka mwishoni mwa mwaka 1981, vipindi vya televisheni vikafuata mwaka 1982, na serikali ikazisaidia shule kuzinunua mashine hizo. Mtoto alipoiwasha mashine ya namna ile hakukutana na mchezo uliokwisha kutungwa. Alikutana na kioo kitupu na alama ndogo inayomngoja aandike amri. Mashine ile ilimwuliza, Utaniambia nini? Simu ya leo humwuliza kijana wa Ilagala, Utanunua nini? Katika tofauti ya maswali hayo mawili mna tofauti yote ya mtunzi na mtozwa.

Tanzania ilishika njia nyingine. Kompyuta ya kwanza ya serikali ilifungwa katika Wizara ya Fedha mwaka 1965. Matumaini yaliyowekwa juu ya mtambo huo yalileta hasara na fadhaa, na mwaka 1974 serikali ikapiga marufuku kuingiza kompyuta nchini isipokuwa kwa kibali. Marufuku hiyo ililegea polepole, wala haikuisha upesi. Televisheni nayo haikukaribishwa: Zanzibar ilikuwa na kituo chake tangu miaka ya 1970, lakini Tanzania Bara haikuwa nacho mpaka miaka ya 1990. Basi mtoto aliyezaliwa Ilagala mwaka 1966, mwenye umri mmoja na Matthew Smith, alizungushiwa ua pande zote. Kompyuta ilikatazwa, kioo cha kuiunganisha hakikuwapo, na umeme wa Kigoma mjini wenyewe, achilia mbali wa vijijini, ulitegemea majenereta ya dizeli kwa miaka mingi. Asemaye leo kwamba mtoto huyo hakupenda, au hakuweza, anamlaumu mfungwa kwa kutotembea.

Haki yataka waliokata shauri lile wasitukanwe. Nchi ilikuwa na upungufu wa fedha za kigeni, na bei ya mafuta ilikuwa imeruka tangu mwaka 1973. Tena mwaka uleule wa 1974, mjini Musoma, chama cha TANU kiliazimia kwamba kila mtoto wa nchi apate elimu ya msingi. Azimio hilo lilikuwa tendo kubwa, na wengi wasomao maneno haya ni watoto au wajukuu wake. Lakini wema wa jambo moja haufuti kosa la jingine. Mwaka mmoja uliufungua mlango wa herufi na kuufunga mlango wa mashine inayotii herufi. Kuukataa mtambo uliowatia wahasibu hasara kulikuwa na sababu yake. Kosa lilikuwa kulichukua jambo la ofisi moja na kulifanya sheria ya kila shule na kila nyumba, hata kwa watoto ambao walikuwa hawajazaliwa. Ni kama mtu aliyeunguzwa na uji, naye akawakataza watoto wa kijiji kizima wasijifunze kupika.

Matunda ya kuchelewa yanahesabika. Mkenya Wesley Kirinya alitoa The Adventures of Nyangi mwaka 2007, miaka 24 baada ya Manic Miner. Huo ni miongoni mwa michezo ya kwanza ya kompyuta ya namna yake kutungwa katika Afrika Mashariki, na shujaa wake ni mwanamke wa Kiafrika. Mwaka 2009 Kirinya aliungana na Mghana Eyram Tawia wakaanzisha Leti Arts, nyumba ya utunzi wa michezo yenye mguu mmoja Nairobi na mwingine Accra. Miaka 24 ni umri wa mtu kuzaliwa, kusoma, na kumaliza chuo kikuu. Kizazi kizima kilipita katikati, na hakuna ajuaye ni mafundi wangapi walipita pamoja nacho wakiwa na kete mikononi.

Hapa mpinzani atasimama na hoja ya umaskini. Atasema kwamba hata bila marufuku yoyote, hakuna mvuvi wa Ilagala ambaye angemnunulia mwanawe kompyuta. Hoja hii hujibiwa na maisha ya mtu ambaye nyumba yao haikuwa na hata mtumbwi. Lual Mayen alizaliwa katika safari ya wazazi wake kuikimbia vita ya kusini mwa Sudan, akakulia katika kambi ya wakimbizi kaskazini mwa Uganda. Mwaka 2007 aliiona kompyuta kwa mara ya kwanza, ikitumiwa kuwaandikisha wakimbizi, akasema kwamba naye ataitumia. Mama yake alidunduliza kwa miaka 3 mpaka zikatimia dola 300 za kumnunulia moja. Kambini hamkuwa na umeme. Mayen alitembea mwendo wa saa 3 kwa miguu ili kuichaji. Katika kompyuta hiyo alijifundisha mwenyewe kutunga, na mchezo alioutunga akauita Salaam, ambamo mchezaji ni mkimbizi anayeokoa roho yake, anayetafuta maji, chakula na dawa, ili aifikie amani. Mchezo huo ulimfikisha Marekani, akaanzisha kampuni ya Junub Games, na mwezi Desemba 2018 akaheshimiwa katika tuzo za michezo za dunia.

Pwani ya Kigoma haina haja ya kufafanuliwa maana ya mchezo wa namna ile. Kambi ya Nyarugusu, wilayani Kasulu, ilifunguliwa mwaka 1996 kwa ajili ya Wakongo waliovuka ziwa. Mwezi Mei 2015 meli ya Liemba iliwapakia maelfu ya Warundi kutoka Kagunga na kuwaleta Kigoma. Mtu wa Ilagala amewaona wakimbizi kwa macho yake, amekula nao, na wengine wameoa na kuolewa nao. Iwapo kijana mmoja wa kambi aliweza kuugeuza mkimbio wa watu wake kuwa mchezo unaomfundisha mgeni huruma, ni nani atakayesema kwamba pwani hii haina jambo la kutungia? Mama yule naye asisahauliwe. Dola zake 300 zilifanya kazi ambayo serikali nyingi hazikuifanya. Lakini taifa lisijenge shule zake juu ya miujiza ya akina mama. Akipatikana mmoja anayeweza kudunduliza miaka 3, wako elfu ambao shilingi yao huliwa na homa na ada kabla haijalala usiku mmoja mfukoni.

Mpinzani wa pili atasema kwamba mashine ni ya wageni na lugha yake ni ya wageni. Huyu na aende bandarini Kigoma. Liemba iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa ndani ya makasha, ikaunganishwa upya Kigoma, na ikashushwa majini mwaka 1915. Mwaka 1916 Wajerumani wenyewe waliizamisha. Mwaka 1924 ikaibuliwa, na mwaka 1927 ikarudi kazini. Kwa watu wa ziwa, meli iliyofunguliwa, ikaungwa, ikazama na kuibuliwa machoni pao si ngeni tena. Kitu cha mgeni huwa cha mwenyeji pale mwenyeji anapokijua ndani yake. Kuhusu lugha, mwaka 2004 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walitoa Jambo OpenOffice, programu za kazi za ofisi zilizosema Kiswahili. Tangu siku ile udhuru wa lugha ulikufa, na kilichobaki ni uvivu wa kumzika.

Mpinzani wa tatu ana hoja nzito kuliko hao wawili, naye astahili kusikilizwa. Atamtaja Matthew Smith huyohuyo. Atasema kwamba baada ya mchezo wa pili sifa na fedha zilimlemea kijana yule, michezo aliyotazamiwa kuitoa haikutoka, na katika miaka ya 1990 aliishi Uholanzi, mbali na kazi iliyompa jina. Je, hiyo ndiyo kazi ya kumtakia mtoto wa mtu? Jibu ni kwamba bahari haikatazwi kwa sababu nahodha kijana alipotelewa na dira. Fani iliyozaliwa chumbani, isiyo na mwalimu, isiyo na wazee, isiyo na chama, humtumia kijana kama utambi wa taa na kumtupa mafuta yakiisha. Msiba wa kijana yule wadai fani hii iletwe shuleni, ipate walimu, na mtunzi awe na wakubwa wa kumwonya na wadogo wa kuwafundisha, kama apatavyo mwashi, seremala na mshairi.

Na hapo lawama hutoka serikalini na kuingia katika chuo kikuu chenyewe, hata katika vyumba visomwamo kurasa kama hizi. Fasihi hufundishwa kwa bidii. Mwanafunzi huulizwa juu ya vina na mizani, na hujibu kwamba mtunzi wa utenzi hufungwa na mizani 8 katika kila kipande, na kwamba ustadi wake waonekana katika kufungwa huko. Lakini mtunzi aliyefungwa na herufi 49,152, akajenga ndani yake mapango 20, kila moja na hatari yake na siri yake, hatajwi. Husemwa kwamba huyo ni mtu wa mashine. Ni ajabu ya wasomi kuukubali utunzi unaosomwa, unaoimbwa na unaochezwa jukwaani, kisha kuukana utunzi unaochezwa kidoleni, ilhali huo ndio unaowafikia watoto wengi kabla hawajafungua kitabu cha kwanza cha ushairi. Wasomi wa fasihi wanapoukimbia uwanja huo, hubaki mikononi mwa mwuzaji peke yake, na mwuzaji hana wajibu wa kumpa mtoto wa Ilagala shujaa wa kwao.

Kinachodaiwa si kikubwa, na kwa sababu hiyo kukinyima hakuna udhuru. Mwaka 2012, katika Uingereza ileile, ilitolewa kompyuta ndogo mfano wa kadi, Raspberry Pi, iliyouzwa kwa dola 35. Ilitengenezwa na watu waliosikitika kuona vijana wa kwao wamekuwa wachezaji watupu na kusahau utunzi. Hata taifa lililotangulia lilijiona linarudi nyuma, likatafuta dawa. Mashine ile huunganishwa na televisheni, na televisheni haikosekani tena vijijini: ile ya kibanda cha kuonyeshea mpira, inayolala mchana kutwa, ingeweza kuwa ubao wa darasa mpaka saa ya mechi. Paneli ya jua inayowasha taa na kuchaji simu yatosha kuiendesha. Lililobaki ni mwalimu aliyefunzwa, kitabu cha Kiswahili chepesi kinachoanzia kwenye kama na basi, na ruhusa ya kuharibu na kutengeneza. Zoezi la kwanza liwe bao. Mtoto aandike amri za kunamua, za kula, za kusambaza na za kulala, kisha mzee wa kijiji aitwe aicheze kazi ya mjukuu wake na kuikosoa. Siku mzee atakaposema, Hapa umekosea, nyumba haivunjwi namna hiyo, siku hiyo elimu mbili zitakuwa zimekaa mkeka mmoja.

Baada ya bao yatafuata mengine. Ziwa lina usiku wa upepo na mvuvi aliyepoteza taa. Malagarasi ina kivuko na mamba. Liemba ina historia inayoshinda hadithi nyingi za kubuni. Yote haya ni michezo ambayo haijatungwa, nayo itatungwa. Jambo lisilojulikana ni mkono wa nani utakaoitunga. Mgeni mwenye akili aweza kuja siku moja, akayachukua, akayatia rangi, na kuyauza Ilagala kwa kifurushi. Hapo kijana wa Ilagala ataununua mto wake mwenyewe kwa fedha yake mwenyewe, na wakubwa watasimama kandokando wakibishana kama mchezo ni upuuzi au ni maendeleo.

Kosa la mwaka 1974 lilifanywa na watu waliokuwa na hofu ya hasara, katika nchi changa, mbele ya mashine ambayo wachache duniani waliijua. Walio na mamlaka leo hawana hata kimoja cha vifuniko hivyo. Mashine yajulikana, bei yake yajulikana, na mifano ya Nairobi na ya kambini yajulikana. Wakimnyima mtoto wa Ilagala nafasi hii mara ya pili, historia haitawaandika kuwa walikuwa na hofu. Itawaandika kuwa walikuwa na macho, wakamtazama akitozwa, wakanyamaza.